Kichuguu cha Jumamosi

Jumamosi iliyopita mkwe wangu alirudi sokoni na kambale wa moshi, wale waliokunjwa duara mkia ukaingizwa mdomoni, akawaloweka kwenye maji ya moto hapa uani kwetu Kawajense, Mpanda mjini. Harufu ilinifuata mpaka chumbani. Nikachukua fimbo yangu, nikaenda kukaa kwenye benchi la fundi baiskeli mpaka chakula kikaliwa na sufuria zikaoshwa. Mkwe wangu ameshanizoea. Anaamini samaki yule ananisumbua tumbo. Sijamweleza kwamba siku nyingine zote namla vizuri tu. Ninayemshindwa ni kambale wa Jumamosi.

Ninyi wa rika langu mliokulia Mpimbwe mnajua kambale alikuwa nani kwetu. Mvua ikinyesha vizuri alipanda mpaka kwenye majaruba ya mpunga, tukamfukuza na vikapu, na ukifika kiangazi alikuwa anatuangalia kutoka kwenye uchaga juu ya moshi. Nyumbani kwetu alitoweka ghafla, kama ndugu aliyegombana na watu. Baba alisoma mahali kwamba samaki asiye na magamba haliwi. Akapanda juu, akawashusha wote waliokuwa uchagani, akawagawa kwa majirani. Majirani walipokea kwa mikono miwili, halafu wakatucheka.

Kabla ya hapo baba alikuwa katekista. Alifundisha watoto kipaimara, akaongoza ibada Jumapili ambazo padri hakufika. Lakini zamani, kabla hajaoa, aliwahi kufanya kazi stoo ya mgodi huku Mpanda, chini ya mzungu mmoja mpole aliyefunga mlango wake kila Jumamosi na kusoma kitabu kwa kuanzia kulia. Alikuwa Myahudi. Baba alimuuliza mengi kuhusu kitabu hicho, na yule mzungu alimfundisha herufi zake na lugha yake, lakini maswali ya sheria alimjibu machache. Alisema yeye ni mtunza stoo tu, si rabi. Mgodi ulipofungwa akamwachia baba kile kitabu akaondoka.

"Rabi ni nani?" nilimuuliza baba siku moja.

"Ni mtu aliyesoma sheria mpaka watu wanaweza kumuuliza."

"Na sisi tutamuuliza nani?"

Baba alinishika kichwa akacheka. "Sisi tunasoma wenyewe, mwanangu."

Kitabu kilikaa ndani ya sanduku miaka mingi, mimi nikazaliwa, na mdogo wangu wa kike akazaliwa. Sijui ni nini kilichomfanya baba akitoe. Ninachokumbuka ni kwamba mvua moja alikuwa katekista, na mvua iliyofuata alikuwa ameacha kanisa, anasali akielekea kaskazini, na anatuita kwa majina mapya. Mimi niliyebatizwa Patrisi nikawa Efraimu. Mdogo wangu akawa Hana. Mama alikataa kubadilishwa. Alisema jina lake alipewa na marehemu mama yake, na asiyelitaka asimwite.

Watu walimtania sana baba. Waliomheshimu walidhani amekuwa Msabato. "Wasabato wana Yesu," aliwajibu, "mimi nimerudi nyuma zaidi." Pale penye pombe kulikuwa na mzee mmoja mwenye mdomo, kila akimwona baba anapita alipaza sauti: "Katekista! Mkate wa padri umekataa, kambale umekataa, nguruwe pori umekataa. Sasa unakula nini, herufi?" Baba alicheka pamoja nao. Hakuwa mtu wa ugomvi. Na polepole familia chache zikaanza kuja kumsikiliza, maana alijua kueleza.

Jambo lililotutenga kabisa lilikuwa moto. Alisoma kwamba siku ya Sabato moto usiwashwe nyumbani, akaelewa kwamba nyumbani kusiwe na moto. Kila Ijumaa jua likikaribia kuzama alimwaga maji kwenye mafiga mwenyewe, majivu yakatoa ule mvuke mzito wa uchungu. Mama alisimama pembeni akimtazama amekunja mikono. Jumamosi tulikula viazi baridi na karanga, na wakati wa masika nyumba ilikuwa baridi kama kisima. Kwa kawaida kwetu mtu akizimikiwa alimtuma mtoto kwa jirani na kigae, mtoto akarudi anapuliza kaa la moto. Watoto walikuja kwetu makusudi Jumamosi asubuhi, wakiwa na vigae, wakisema kwa adabu zote: "Hodi, tunaomba moto." Halafu wakakimbia wakipiga kelele, "Majivu baridi! Nyie moto wenu umekufa!"

Hana alilia wakimwita hivyo. Mimi sikulia. Nataka mwelewe vizuri jambo hili, kwa sababu nikisimulia habari za baba watu hunihurumia, wanadhani nililazimishwa. Nilikuwa mwanafunzi wake hodari kuliko wote. Nilijua herufi zote na kuzichora ardhini kwa kijiti, nikamkumbusha baba mwenyewe alipotaka kusahau kitu. Mama akiokota ukuni Jumamosi nilimwambia, "Mama, leo hapana," kwa ile sauti ya mtoto anayejua anapendwa na mkubwa. Yeye aliniangalia tu. Nilifikiri ananionea wivu.

Tena kulikuwa na mpaka. Baba alisoma kwamba siku ile mtu asiende mbali na mahali pake. Mbali ni wapi, kitabu hakikumwambia, wala hakuwa na wa kumuuliza. Akachagua kichuguu kilichokuwa kwenye njia ya kutoka kwetu, kikubwa, chekundu, kimeota majani upande mmoja. Mwisho wetu ukawa hapo. Ng'ambo ya kichuguu alikaa Masanja, Msukuma aliyekuja na ng'ombe wake kutoka kaskazini na kuomba eneo. Alikuwa na mkokoteni wa ng'ombe, na watu wote wa upande ule walimtegemea kwa mizigo na wagonjwa, maana zahanati ilikuwa mbali.

Hana aliugua Ijumaa. Alikuwa na homa ya kawaida, ile iliyotushika sote mvua zikikolea, na mama alimpa dawa ya majani akamlaza. Asubuhi ya Jumamosi tuliamka na sauti ya meno yake. Mwili ulikuwa umekaza kama ubao, macho yamegeuka juu. Mama alimkumbatia akisema, "Degedege, degedege, Baba Patrisi, mtoto anakwenda." Ikamwachia, akalala amelegea, na baadaye kidogo ikamshika tena.

"Mpeleke zahanati," mama alisema. "Kamwite Masanja."

Baba alikuwa amepiga magoti kando ya kitanda. Hakuwa mkali. Ningependa kumkumbuka akiwa mkali, ingekuwa rahisi kwangu.  "Ng'ombe hawafanyishwi kazi leo," alisema. "Hata ng'ombe, Mama Efraimu. Tukivunja leo, tutamwomba nani amponye? Jua likizama tu, mimi mwenyewe nitambeba."

"Jua likizama?"

"Nyota tatu zikionekana tu, Sabato imekwisha."

Alitoka nje kusali, akasimama nyuma ya ghala. Mama alinivuta mkono. Pumzi yake ilikuwa na joto sikioni mwangu. "Kimbia kwa Masanja. Mwambie afunge ng'ombe aje. Pitia huku, baba yako asikuone. Haraka, Patrisi."

Nilikimbia. Mvua ilikuwa imekatika, nyasi zikanipiga magotini, na nilikuwa nalia kwa sababu nilimpenda mdogo wangu. Nikafika kwenye kichuguu nikasimama.

Nilikuwa nimejengewa, au nimejijengea mwenyewe, wazo kwamba Mungu anatuangalia sisi zaidi ya watu wengine, kwa sababu watu wengine hawakuwa na sheria ya kuvunja. Watoto wa wenzetu wangeweza kupita kichuguu na mabaya yasiwapate. Mimi nikipita, nikiwa najua, adhabu itashukia nyumbani, na nyumbani aliyekuwa karibu kabisa na kifo alikuwa Hana. Niliona jambo hilo waziwazi kama ninavyoona mkono wangu. Mama hajui, nilijiambia. Mama anataka kumuua bila kujua. Mimi ndiye ninayeweza kumwokoa, kwa kutokwenda.

Nikakaa chini kwenye udongo mwekundu. Kutoka pale nilisikia kengele za ng'ombe wa Masanja. Nilisali maneno yote niliyoyajua, ya baba na yale ya zamani ya kanisani nikayachanganya, kisha nikarudi polepole.

"Yuko wapi?" mama aliuliza mlangoni.

"Hayupo. Amekwenda Kibaoni."

Aliniamini. Kutwa nzima alimkanda mtoto kwa maji baridi, kwa sababu maji ya moto hayakuwepo. Alasiri alisema atambeba mgongoni aende peke yake kwa miguu, akamfunga kwa kitenge, akafika uani, na pale uani degedege ikamshika Hana mgongoni kwake, mama akaanguka kwa magoti kwenye tope. Baba ndiye aliyemfungua mtoto. Walirudi ndani wote wawili wakiwa wamemshika.

Jioni ilipofika baba alitoka kutafuta nyota. Wingu lilikuwa limefunika kila upande, jeusi, kama kawaida ya miezi ile. Jua lilizama bila kuonekana. Giza likaanza kuingia, na baba akawa anazunguka uani ameinua uso juu, mara upande huu, mara upande ule, akitafuta mwanya. Nilitafuta pamoja naye. "Ile pale, baba?" "Hapana. Ni kimulimuli." Tulikuwa tumesimama hivyo, mimi na yeye, tumeupa mlango mgongo, mama alipolia ndani.

Masanja alisikia kilio akaja mbio na taa ya chemli. Alitazama kitandani, akavua kofia.

"Mbona hamkuniita?" alisema. "Mimi niko nyumbani tangu asubuhi. Ng'ombe wapo, mkokoteni upo. Mbona hamkuniita, ng'wanawane, mwanangu?"

 Mama aliinua macho, akanitazama mimi, halafu akarudi kumtazama Hana.  Mpaka anazikwa, miaka mingi baadaye, hakuwahi kulisema jambo hilo.

Baada ya matanga baba aliuza mpunga wetu wote, akatembea hadi Mpanda, akapanda treni. Alikuwa amesikia kwamba Nairobi kuna Wayahudi na yuko rabi. Hatukujua kama atarudi. Mama alirudi kanisani, na Jumamosi ya kwanza akanunua kambale. Aliwasha moto mkubwa uani, mbele ya njia, mahali ambapo kila mpita njia angeuona, akawapika na kuwala akiwa amesimama. Aliniwekea sahani. Nilikula. Tangu siku ile hakuacha: kila Jumamosi ya maisha yake palikuwa na kambale motoni. Harufu hiyo kwangu si ya chakula.

Baba alirudi mpunga mwingine ulipokuwa umeshavunwa, amekonda, viatu vimekwisha. Ilikuwa Ijumaa. Alikaa kwenye kigoda, akatueleza kwa sauti ya chini, kama mtu anayesoma hukumu yake mwenyewe. Alifika kwa rabi, akamwambia habari zetu zote, akamuuliza swali moja. Rabi alifunika uso kwa mikono muda mrefu. Kisha akamwambia kwamba uhai wa mtu ukiwa hatarini Sabato inawekwa kando, na aliye mwepesi kuiweka kando ndiye wa kusifiwa. Akamwambia wazee wao wa zamani walishalijadili hilo na kulimaliza, lakini limo kwenye vitabu vingine, si kile alichoachiwa. Moto uliowashwa Ijumaa, unaachwa uwake. Hata mpaka wa kutembea ulikuwa mbali zaidi. Ulipita kwa Masanja ukaendelea.

Jua lilikuwa linashuka. Baba aliinuka, akapanga kuni kwenye mafiga, akawasha. Akapuliza mpaka ukashika. "Huu utawaka mpaka kesho jioni," alisema. "Inaruhusiwa."

Mama alikuwa anachambua mchele. Hakuinua kichwa.

"Sasa ndiyo unaniletea moto?" alisema.

Kesho yake baba aliwaita wale wafuasi wake wachache. Nilikaa mbele, mahali pangu pa siku zote. Aliwaambia amewafundisha vibaya, akawaeleza kosa moja moja. Wengine waliinuka wakaondoka, na sikuwalaumu. Mwishoni akaeleza sheria ya mgonjwa, namna inavyotekelezwa. "Hatumwi mtoto," alisema, "wala hangojwi jirani asiye wa dini. Anakwenda mkubwa, mwalimu mwenyewe, mbele ya watu wote, ili kila mtu aone kwamba ni halali." Kisha akanitazama, akarudia taratibu: "Hatumwi mtoto."

 Alijua. Aliposema hatumwi mtoto, nilisikia: kwa sababu mtoto ni mwongo, mtoto atakaa kwenye kichuguu, atarudi na uongo, mdogo wake atakufa. Nilidhani amenivua nguo mbele ya watu. Nikatoka, na sikukaa tena kwenye somo lake hata siku moja.

Nilikwenda sekondari, nikaajiriwa reli, nikaoa, nikajenga. Baba alirudi Nairobi akakaa miaka mingi, mchana mlinzi wa nyumba yao ya ibada, jioni mwanafunzi, mpaka wakampa idhini ya kuwa rabi. Angeweza kubaki mjini. Alirudi Mpimbwe, kwa watu wachache na mashamba ya mpunga, akaandika mafundisho ya wale wazee wa zamani kwa Kiswahili, ukurasa kwa ukurasa, na wageni wenye elimu walikuwa wanashuka Mpanda wakiuliza njia ya kwake. Wengine walinikuta mimi stesheni, nikawaelekeza kama ninavyomwelekeza mtu kwa daktari nisiyemfahamu. Alinitumia salamu. Nikazirudisha salamu. Nilidhani wakati upo.

Alipokufa walimzika haraka kwa desturi yao, amevikwa sanda nyeupe. Nilifika udongo umeshakauka juu. Alinipokea mwanafunzi wake, mtu mzima anayelima, anaitwa Yakobo.

"Shikamoo mzee. Wewe ndiye Efraimu?"

"Patrisi."

"Yeye alikuwa anasema Efraimu." Akanikaribisha kivulini mwa ghala. "Kesho Jumamosi tuna somo la mgonjwa. Tunalisoma kila mwaka tarehe za kifo cha dada yako. Tukimaliza tunatembea, Mwalimu alituzoesha. Tunapita kile kichuguu mpaka lilipokuwa zizi la yule Msukuma, tunarudi. Twende pamoja, mzee."

"Aliwaambia kwa nini kichuguu?"

Yakobo aliangalia mikono yake. "Alituambia. Alisema siku ile alikuwa nyuma ya ghala hili anasali. Akamwona mtoto wake anakimbia, akajua katumwa kwa Masanja. Akamwona amesimama kwenye mpaka, akakaa chini. Alisema, 'Nilimwona akikaa, nikafurahi. Nikasema moyoni, huyu kweli mwanangu. Yule mtoto alikuwa ameketi kwenye ujinga wangu, nami nikamshukuru Mungu kwa ajili yake.' Ndiyo maana akisoma hatumwi mtoto alikuwa anasimama. Alisema mtoto hana deni hapo. Deni ni la anayemwona na asimwite." Yakobo akainua macho. "Alisema alishakwambia hilo, zamani, mbele ya watu. Lakini hakuwa na uhakika kama ulisikia."



Kesho yake nilikwenda nao, watu wazima na watoto wao, tukitembea bila haraka. Kichuguu bado kipo, kimemomonyoka, hakinifiki kiunoni. Wakadhani nimechoka, wakanisubiri. Nilikaa pale chini kidogo nikageuka kutazama nyuma. Ghala linaonekana wazi. Mtu aliyesimama nyuma yake na mtu aliyekaa hapa wangeweza kuitana bila kupaza sauti.

Kisha Yakobo akanishika mkono, nikainuka, tukapita. Wanafunzi wale hufika zizini wakisema sala fupi. Niliwasikia wanaanza, nikatafuta mbele ni wapi tunakokwenda, na tulikuwa tumeshafika. Maisha yangu yote nilikuwa nikijiambia kwamba kwa Masanja kulikuwa mbali.